Larry Lurex Hakuuza

Bendi yetu ilikufa Jumanne moja jioni, mwenye amplifaya alipokuja Mishomoroni na tuktuk kuchukua mali yake. Hakukuwa na ugomvi. Alikunja waya vizuri, akaufunga kwa kamba ya kiatu, akasema, "Yakhe, msiniweke moyoni, mambo ya nyumbani yamenizidi," akapanda, akaondoka. Tukabaki wanne kwenye chumba chenye trei za mayai ukutani, na besi langu lisilo na pa kuchomekwa, na jina la bendi tulilolibishania wiki tatu nzima. Miezi saba. Nyimbo tano. Shoo mbili, na moja ilikuwa harusi ambayo bwana harusi mwenyewe alikuja kutuomba tupunguze sauti.

Jina la bendi silitaji. Tulikubaliana lizikwe.

Miaka miwili baadaye nilikuwa ndani ya feri ya Likoni, nasoma kwenye simu kuhusu bendi ya Kiingereza iliyoitwa Sour Milk Sea. Ilivunjika 1970. Mpiga gitaa wao mmoja, Jeremy Gallop, ndiye aliyekuwa mwenye vyombo vingi, na mambo yalipoharibika alivichukua vyombo vyake, kazi ikaishia hapo. Nilicheka mpaka mama mmoja aliyekuwa na beseni la samaki akasogea mbali nami. Ingekuwa kwetu, nikawaza, Gallop angekuja na tuktuk.

Mwimbaji aliyeachwa bila maiki siku zile alikuwa kijana wa Unguja, umri miaka 23, jina lake la kuzaliwa Farrokh Bulsara. Dunia inamjua kwa jina jingine, na kwa bendi nyingine. Hiyo bendi nyingine sina haja ya kuieleza, imeshaelezwa na kila mtu. Mimi nataka kuzungumzia zile zilizokufa, manake nimezisikiliza mwezi mzima, na nadhani tunazisikiliza vibaya. Au tuseme hatuzisikilizi kabisa.

Tuanze na njia aliyopita. Farrokh alizaliwa Mji Mkongwe tarehe 5 Septemba 1946, wazazi wake Waparsi wenye asili ya Gujarat, baba akiwa karani wa fedha kwenye serikali ya kikoloni. Akiwa na miaka minane alipelekwa shule ya bweni huko Panchgani, India, na huko ndiko alikoingia bendi yake ya kwanza, The Hectics, bendi ya wanafunzi. Alipiga piano. Akarudi Unguja akiwa kijana, na baada ya Mapinduzi ya Januari 1964 familia ikahama, ikaangukia Feltham, pembeni ya London, karibu na uwanja wa ndege wa Heathrow.

Hapo kwenye uwanja wa ndege ndipo sisi wa bara tunapopaswa kukaa vizuri kwenye kiti. Feltham si London, kama vile Changamwe si "Mombasa" kwa mtu wa kisiwani. Ni mahali pa kupitia. Ndege zinapita juu ya bati lako usiku na mchana na hakuna hata moja inayokuhusu, isipokuwa uwe umepata kibarua cha kubeba mizigo. Kijana huyu alikipata. Nina binamu yangu Magongo ambaye akisikia ndege inashuka Moi anajua saa bila kutazama simu. Nikimfikiria Farrokh wa 1965 siwazi kasri wala taji. Namuona binamu yangu.

Akasomea sanaa ya michoro Ealing, akamaliza 1969. Halafu akawa na kibanda Kensington Market pamoja na rafiki yake Roger Taylor, wakiuza nguo kuukuu: makoti ya zamani, vitambaa vya bibi za watu, manyoya. Yani mitumba. Mtu aliyewahi kuamka saa kumi na moja alfajiri kwenda Kongowea kuwahi bali likifunguliwa anaelewa hii kazi kuliko mwandishi yeyote wa London. Unafundishwa na nguo. Unajua koti lipi likivaliwa na mtu sahihi litaonekana limeshonwa kwa ajili yake, na lipi halina msaada.

Nalitaja hili kwa sababu ndilo lililoufunga muziki wa wakati ule. Kuanzia 1971 hivi, Uingereza iliingia kwenye kile kilichoitwa glamu, roki ya mng'aro. Marc Bolan wa T. Rex alitokea kwenye televisheni na vimetameta mashavuni. David Bowie akapaka nywele rangi ya moto. Wanaume wakavaa viatu vya soli nene, satini, shanga. Watu wanadhani ulikuwa muziki wa matajiri. Sivyo. Ulikuwa muziki wa vijana wa pembezoni mwa miji waliogundua kwamba ukiwa huna kitu, unaweza bado kung'aa, na kung'aa kunaanza na kitambaa cha bei rahisi. Hebu angalia matatu zetu za Kisauni usiku, zile taa za zambarau na michoro ubavuni, halafu uniambie hujui glamu ni nini.

Sasa, bendi.

Agosti 1969 vijana watatu wa Liverpool walikuwa wamekuja London kutafuta bahati. Bendi yao iliitwa Ibex. Mike Bersin kwenye gitaa, John Taylor kwenye besi, Mick Smith kwenye ngoma. Walikutana na Farrokh, ambaye kufikia hapo marafiki walishamzoea kama Freddie, na baada ya siku kama kumi hivi akapanda nao jukwaani Bolton, tarehe 23 Agosti. Siku kumi! Sisi tulitumia wiki tatu kwa jina tu.

Kuna rekodi moja ya Ibex iliyobaki na inayosikilizika. Ni ya tarehe 9 Septemba 1969, klabu ndogo ya Liverpool iliyoitwa The Sink, imerekodiwa na rafiki wa bendi kwa mashine ya kanda. Wimbo mmoja wa usiku ule, kopi ya "Rain" ya The Beatles, ulikuja kutolewa rasmi mwaka 2000 kwenye sanduku la kazi zake binafsi. Nimeusikiliza kwenye feri, nimeusikiliza kwenye foleni ya Buxton, nimeusikiliza kitandani umeme ukiwa umepotea.

Niseme ukweli: ni mbaya. Sauti ya kanda imezama kama inatoka chini ya maji. Gitaa limemeza kila kitu. Na huyu mwimbaji, ambaye baadaye watu wataandika vitabu vizima kuhusu koo lake, anapiga kelele. Hajui bado kwamba mtu akiwa na sauti kubwa hana haja ya kuisukuma. Anaimba kama kondakta wa Mtongwe anayeita abiria kwa gari ambalo bado halijajaa. Kuna pahali anaupandisha mstari juu kuliko unavyotaka kwenda, na unamsikia akijua amekosea, na badala ya kushuka anazidi kupanda.

Hapo ndipo niliposimamisha na kurudisha nyuma, mara ya kwanza ya nyingi. Manake kosa lile ni la mtu anayejua anataka nini ila hajui bado njia. Ukisikiliza nyimbo zake za miaka ya baadaye hulisikii tena. Amejifunza kulificha, au amelitengeneza likawa mtindo. Lakini pale The Sink, mbele ya watu wachache wa Liverpool waliokuja kunywa, kosa liko uchi. Mimi kama msikilizaji nalipenda kuliko ukamilifu wa baadaye. Ukamilifu haunihitaji, kosa linanihitaji nilisikilize vizuri ili nijue linaelekea wapi.

Usiku uleule, Brian May na Roger Taylor wa bendi ya Smile walikuwepo, wakapanda jukwaani kupiga nao. Liweke kando hilo, tutalihitaji.

Muda mfupi baadaye Freddie akaamua jina Ibex halifai, akataka Wreckage. Kinachosimuliwa ni kwamba aliwapigia simu mmoja mmoja akimwambia kila mmoja kuwa wengine wameshakubali. Wallahi nilipolisoma hilo nilivua kofia. Ni uongo, lakini ni uongo wa kiongozi wa bendi. Jina lenyewe maana yake mabaki ya ajali, na bendi ikalitendea haki: mwaka 1970 ulipoanza kupamba moto, Wreckage haikuwepo. Ni enzi hizi hizi za Ibex na Wreckage inakohadithiwa kwamba stendi ya maiki ilikatika katikati ya shoo, naye akaendelea na kipande kilichobaki mkononi, kisha akakizoea maisha yake yote.

Akajibu tangazo gazetini, akaingia Sour Milk Sea. Bendi ya vijana waliotoka shule ya bweni ya kulipia mjini Oxford, wenye vyombo vizuri kuliko vyote alivyowahi kuvishika. Wakapiga Oxford Machi 1970. Wiki chache tu, yeye anataka kuelekeza bendi kwake, wengine hawataki, Gallop anakunja waya. Kwisha.

Kwa hiyo ndani ya mwaka mmoja, kijana yule alizika bendi tatu, ukihesabu kubadilisha jina kuwa kifo, na mimi nahesabu.

Turudi sasa kwa yale niliyosema tuweke kando. Filamu ya mwaka 2018, *Bohemian Rhapsody*, ile iliyompa Rami Malek tuzo ya Oscar, karibu kila mtu wa rika langu aliiona, wengi kwenye flashi disiki. Filamu inamchukua Freddie kutoka kazi ya mizigo Heathrow, inampeleka kumtazama Smile, na usiku uleule mwimbaji wa Smile anajitoa, na Freddie yuko nje ananyanyua sauti, wanashtuka, tumeanza safari. Safi. Haraka. Unatoka kwenye mizigo unaingia kwenye historia kama mtu aliyetoka bafuni.

Hakuna Ibex humo. Hakuna Wreckage, hakuna Sour Milk Sea. Hakuna kuwa alisoma chuo kimoja na Tim Staffell, mwimbaji wa Smile, wala kuwa May na Taylor walishapanda naye jukwaani Liverpool miezi tisa kabla ya Queen kufanya shoo yake ya kwanza Juni 1970. Najua filamu hukata. Lakini angalia *kilichokatwa*. Kimekatwa kipande chote ambacho mtu anajaribu na kushindwa mbele za watu. Kikibaki hicho, filamu inakuwa habari ya kazi. Kikiondoka, inakuwa habari ya karama, na karama ni kitu ambacho wewe na mimi hatuwezi kukifanyia mazoezi.

Huo ndio ugomvi wangu na filamu ile. Watu wengine wamelalamikia tarehe na mpangilio wa nyimbo. Mimi nalalamika kwamba iliwafundisha vijana wa Likoni kuwa mtu mwenye kipaji huonekana siku ya kwanza. Kwa hiyo asiyeonekana siku ya kwanza, bas, arudi dukani.

Sasa nifikie jina lililonifanya niandike yote haya.

Mwaka 1972 Queen walikuwa wanarekodi albamu yao ya kwanza studio za Trident, London, lakini kwa masaa ya mabaki, mara nyingi usiku, pale wenye pesa walipokuwa wameondoka. Prodyuza mmoja wa palepale, Robin Geoffrey Cable, alikuwa anajaribu kuiga ule ukuta mkubwa wa sauti wa Phil Spector. Akamuomba Freddie aimbe. Freddie akawaleta May na Taylor. Wakarekodi nyimbo mbili za watu: "I Can Hear Music", iliyokuwa imeshaimbwa na The Ronettes na The Beach Boys, na "Goin' Back" ya Gerry Goffin na Carole King. Zikatolewa na EMI kama singo, katikati ya 1973, kwa jina la msanii asiyekuwepo duniani: Larry Lurex.

Lurex ni uzi wa kumetameta. Jina lilikuwa mzaha kwa Gary Glitter, nyota mkubwa wa glamu wakati ule, mtu ambaye baadaye alifungwa kwa makosa dhidi ya watoto na ambaye leo hakuna anayetaka kumuiga hata kwa utani. Mwaka ule lakini mzaha ulieleweka: wewe ni pambo, mimi ni uzi tu wa pambo. Fundi yeyote wa Majengo Mapya angekuuzia kitambaa chake.

Larry Lurex hakuuza. Singo ikaanguka, na Larry akafa papo hapo. Hakufanya shoo hata moja, hakuwa hata na sura. Ni maisha mafupi kuliko bendi yetu, na sisi tulikuwa na harusi.

Nimeisikiliza hii singo kama vile ingekuwa ya mtu nisiyemjua, nikijizuia kusikia kitakachokuja. Ni kazi nzuri. "I Can Hear Music" imejazwa vyombo mpaka juu, kastaneti, ngoma za mwangwi, na katikati gitaa la May linaingia bila kuomba radhi. Sauti ya Freddie hapa imeshuka kutoka kwenye kelele za The Sink. Ni nyepesi, ya juu, karibu ya msichana, na anaimba kama anayetabasamu. Miaka michache, na lile kosa limepata adabu.

Lakini wimbo ni upande wa pili. "Goin' Back" ni wimbo wa mtu mzima anayetamani kurudi utotoni, kwenye siku alizokuwa hajajifunza kuogopa. Dusty Springfield aliuimba vizuri kabla yake, kwa huzuni ya mtu anayekumbuka. Freddie anaanza na piano na sauti pekee, na hauimbi kama kumbukumbu. Anauimba kama anaomba ruhusa. Hii ni sauti ya mtu ambaye mahali pa utotoni pake palifungwa nyuma yake akiwa na miaka 17, aliyekuwa ameshaondoka mara moja akiwa na miaka minane. Simsomi kwa nguvu, najua wimbo ni wa watu wengine na siku ile alikuwa anamsaidia tu prodyuza. Lakini ilihitajika ajifiche nyuma ya jina la kuchekesha ndipo aimbe wazi hivyo. Kwenye albamu za kwanza za bendi yake kuna majini, malkia na wapiganaji. Kurudi nyumbani kumeachiwa Larry Lurex, na hakuna aliyenunua.

Karibu wakati uleule, kwa mkumbo, singo ya kwanza ya Queen yenyewe, "Keep Yourself Alive", ilitoka Julai 1973. Nayo haikuuza. Kwa hiyo kiangazi kile, mtu angetazama mahesabu tu, Larry na Queen walikuwa sawasawa, sifuri kwa sifuri. Tofauti ni kwamba mmoja alipewa nafasi ya pili.

Sasa sisi wa pwani tunamfanyia nini huyu mtu? Mwaka 2006 Unguja kulipangwa sherehe ya kuadhimisha kuzaliwa kwake miaka 60, na jumuiya ya Uamsho ikapinga kwa sababu ya maisha yake na hofu ya wageni wa aina gani watakuja. Sherehe ikafutwa. Mwaka 2019 ikafunguliwa makumbusho Shangani, nyumba ambayo watalii walikuwa wakiipiga picha siku nyingi. Wanaomkataa na wanaomuuza wanaonekana kama pande mbili. Mimi nawaona wamekaa kwenye benchi moja. Wote wanazungumzia jina lililokamilika. Mmoja analiogopa, mwingine amelichapa kwenye fulana. Maskani kwetu nako tukibishana ni "ni wetu" na "si wetu", masaa mawili, na hakuna aliyeweka hata wimbo mmoja usikike.

Kumdai mtu ni rahisi akishafika. Kigumu ni kusema: kijana wa Mji Mkongwe anayepiga kelele kwenye "Rain" mwaka 1969, akiwa hajulikani na hana dalili ya kujulikana, huyo pia ni wetu. Tena huyo ndiye wetu zaidi. Yule wa uwanja wa Wembley ni wa dunia nzima.

Na si kwamba hatuna masomo haya kwetu. Ndugu wawili wa Tanga, Wilson na George Kinyonga, walitoka Jamhuri Jazz, wakaenda kuunda Arusha Jazz, wakavuka mpaka 1971 wakatua hapa Mombasa, na hapa Arusha Jazz ikawa Simba Wanyika. Wakahamia Nairobi. Mwaka 1978 kundi la wapigaji likajitoa na kuunda Les Wanyika, na kutoka kwenye huko kuvunjika tukapata "Sina Makosa", wimbo ambao hata mtoto aliyezaliwa juzi Bombolulu anaujua mwanzo wake wa gitaa. Wazee wetu hawakuona haya kuvunja bendi. Mtu alijitoa, akaongeza neno kwenye jina, akaendelea. Ukiwasikiliza wakisimulia, kila bendi iliyokufa inatajwa kwa heshima, kama marehemu wa familia: fulani alipiga besi pale, fulani alianzia kule. Sisi wa leo tunafuta ukurasa, tunafuta picha, tunaanza upya kama vile jana hatukuwepo.

Najua jibu. Mtu atasema: ndugu yangu, unazungumzia bendi zilizokufa kwa sababu mmoja wao alikuja kuwa Freddie Mercury. Zile nyingine elfu zilizokufa na zikabaki zimekufa je? Swali zuri, na nimelilalia. Mike Bersin hakuwa Brian May. Gallop na vyombo vyake hakuna uwanja uliomshangilia. Nikisema thamani ya Ibex ni kwamba ilimfundisha Freddie, nimewafanya wale wengine ngazi, na ngazi ikishapandwa huachwa ukutani.

Kwa hiyo silisemi hilo. Nasema kile kipande cha kanda cha The Sink kina gitaa la Bersin ndani yake, linakimbia mbele ya ngoma, limejaa furaha ya kijana anayepiga nyumbani kwao. Furaha ile haikuwa mazoezi ya kitu kingine. Usiku ule hakuna aliyekuwa anajiandaa kwa Queen, manake Queen haikuwepo. Kulikuwa na wimbo wa kumaliza, wakaumaliza.

Mimi niliacha chuo mwaka wa tatu. Karo ilikuwa sababu moja, mimi mwenyewe nilikuwa sababu nyingine. Mamangu, anayenipenda, ana swali analolirudia kila jamaa akija nyumbani Likoni na kuanza kuhesabu watoto wa watu: "Na wewe mwanangu, ni kitu gani ulichowahi kukimaliza?" Halisemi kwa ubaya. Analisema kama mtu anayetafuta kitu cha kuwajibu wageni. Kwa muda mrefu sikuwa na jibu, na nilipoisikia "Goin' Back" nikadhani nimelipata: nitamwambia, subiri mama, hata Freddie. Halafu nikajishika. Hilo ni jibu la ile filamu. Linasema nivumilieni, kuna uwanja mkubwa unakuja. Huenda hauji. Wengi hauwafikii. Nikimjibu mamangu kwa uwanja ambao hauji, nitakuwa nimemdanganya yeye na nimezitukana zile nyimbo tano.

Tulizimaliza. Hilo ndilo jibu, dogo hivyohivyo. Zilikuwa tano na kila moja ilikuwa na mwanzo na mwisho.

Moja yake ninayo. Tuliirekodi kwa simu iliyowekwa juu ya ndoo, dakika nne na sekunde kumi na moja, na adhana ya Ijumaa inaingia karibu na mwisho na sisi tunapunguza mmoja baada ya mwingine mpaka tunanyamaza. Wiki iliyopita niliisikiliza kama nilivyoisikiliza kanda ya The Sink. Beti ya kwanza imeharakishwa. Mwimbaji wetu anapiga kelele pasipo sababu. Lakini pale gitaa linapojibu baada ya kiitikio kuna sekunde sita au saba ambazo ningezilipia.

Nikamtumia mwenye amplifaya. Hatukuwa tumezungumza tangu Jumanne ile. Alama mbili zikageuka buluu, kimya. Siku mbili. Halafu jana usiku akajibu kwa sauti, nyuma yake nasikia honi za Kongowea:

"Yakhe, ile besi haikuwa kwenye tyuni hata kidogo."

Nikaenda kusikiliza tena. Kweli, haikuwa.